Mrusha Kisahani na Ukuta wa Berlin

Ndugu wasikilizaji, na hasa ninyi askari na polisi mnaotusikiliza kambini, vituoni na mipakani, mazungumzo yetu ya leo yanahusu mtu aliyekuwa askari kama ninyi, ijapokuwa sifa yake haikutokana na bunduki wala na upelelezi. Ilitokana na kisahani cha kilo 2, ambacho yeye alikirusha mbali kuliko mtu mwingine yeyote duniani katika siku zake. Jina lake ni Wolfgang Schmidt, mzaliwa wa Berlin ya Mashariki. Dola iliyomlea ikamvika nishani ndiyo hiyo hiyo iliyokuja kumtia gerezani. Maisha yake yanafaa kutafakariwa na kila mtu aliyekula kiapo cha kuilinda nchi yake.

Mwezi Julai 1976 mataifa yalikuwa yamekutana Montreal, nchini Kanada, kwa michezo ya Olimpiki. Wengi wetu huikumbuka michezo ile kwa sababu nyingine. Zaidi ya nchi 20, nyingi zikiwa za Afrika, zilikataa kushiriki, kwa kuwa timu ya raga ya New Zealand ilikwenda kucheza Afrika ya Kusini ya makaburu na bado New Zealand ikaruhusiwa kuingia Olimpiki. Uganda, Kenya na Tanzania zilikuwa miongoni mwa nchi zilizosusia. Kwa hiyo wanariadha wetu hawakuwamo uwanjani siku ya fainali ya kurusha kisahani.

Katika fainali hiyo Mmarekani Mac Wilkins, aliyekuwa akishikilia rekodi ya dunia ya mita 70.86, aliongoza kwa kurusha mita 67.50. Mmarekani mwenzake, John Powell, alikuwa katika nafasi ya pili kwa mita 65.70. Ikabaki duru ya mwisho. Kijana Schmidt, mwenye umri wa miaka 22, akaingia katika duara, akazunguka, akaachia kisahani kikaenda kutua mita 66.22. Nishani ya fedha ikamtoka Powell ikawa yake. Hapo likatokea jambo lililowashangaza watu wengi: Wilkins alimwendea Schmidt akamkumbatia kwa furaha kubwa, kana kwamba ni ndugu yake. Magazeti ya Marekani yalimlaumu Wilkins kwa kumfurahia adui kuliko raia mwenzake. Kwa upande wa Ujerumani ya Mashariki, urafiki kati ya mwanariadha wao na Mmarekani haukuwa jambo la kupitishwa hivi hivi. Vijana wale wawili waliona ni urafiki wa kawaida baina ya watu wa kazi moja, lakini katika nyakati zile za mvutano wa Mashariki na Magharibi, hata kumbatio lilikuwa na watu wa kulichunguza.

Ndugu wasikilizaji, ili tuelewe jambo hili hatuna budi kwanza kuielewa nchi alikotoka. Baada ya Vita Kuu ya Pili, Ujerumani iligawanyika, na mwaka 1949 zikazaliwa dola mbili. Ujerumani ya Mashariki, ambayo jina lake rasmi lilikuwa Jamhuri ya Kidemokrasi ya Ujerumani, ilikuwa nchi ya watu wapatao milioni 17. Raia wake walikuwa wakihamia Magharibi kwa makundi, na tarehe 13 Agosti 1961 serikali ikaanza kujenga ukuta kuukata mji wa Berlin vipande viwili. Wolfgang Schmidt alizaliwa tarehe 16 Januari 1954. Ukuta ulipoanza kujengwa alikuwa mtoto wa miaka 7. Alikua akijua kwamba dunia ina upande anaoruhusiwa kuuona na upande asioruhusiwa.

Nchi ile ndogo ilitaka kutambuliwa na mataifa, na viongozi wake waliona kwamba njia nyepesi ya kutambuliwa ni michezo. Watoto walichaguliwa mapema, wakapimwa urefu na nguvu, wakapelekwa katika shule maalumu na kukabidhiwa walimu waliosomea kazi yao. Matunda yalionekana. Katika Montreal nchi hiyo ilipata nishani 40 za dhahabu, ikiwa nyuma ya Urusi ya Kisovyeti tu, na mbele ya Marekani iliyopata 34. Hapana shaka kwamba kazi kubwa na nidhamu kubwa ilikuwamo katika ushindi ule. Lakini ilikuwamo pia siri mbaya, ambayo tutaitaja baadaye.

Schmidt alikuwa na bahati ya kuzaliwa katika nyumba ya riadha. Baba yake, Ernst Schmidt, alikuwa mwanariadha, na baadaye mwalimu wa riadha. Kijana mwenyewe alikuwa mrefu, mwenye mabega mapana na miguu myepesi. Wepesi huo wa miguu ndio siri ya mchezo huu, maana wengi hudhani kwamba kisahani hurushwa kwa mkono. Mrushaji husimama ndani ya duara lenye upana wa mita 2 na nusu, akiupa mgongo uwanja. Huzunguka mara moja na nusu, na nguvu huanzia miguuni, hupanda kiunoni na begani, na humalizikia katika vidole. Akiteleza kidogo, au akikanyaga nje ya duara, kazi yote ni bure. Mwaka 1973 Schmidt alikuwa bingwa wa Ulaya kwa vijana, na tangu hapo akahesabiwa kuwa hazina ya taifa.

Klabu yake ilikuwa SC Dynamo ya Berlin. Hapa ninyi askari na polisi mnapaswa kutega sikio. Dynamo haikuwa klabu ya mtaa. Iliundwa mwaka 1953 kuwa jumuiya ya michezo ya vyombo vya usalama, yaani polisi wa umma, idara ya forodha na Wizara ya Usalama wa Dola, ile iliyojulikana duniani kwa jina la Stasi. Jeshi nalo lilikuwa na jumuiya yake, iliyoitwa Vorwärts. Mwenyekiti wa Dynamo alikuwa Erich Mielke, ambaye tangu mwaka 1957 hadi 1989 alikuwa pia Waziri wa Usalama wa Dola. Wanamichezo wakubwa wa Dynamo waliandikishwa katika vyombo hivyo, wakapewa vyeo na mishahara, ingawa kazi yao ya kila siku ilikuwa mazoezi. Kwa hiyo mtu aliyesimamia nishani za Schmidt na mtu aliyesimamia majalada ya upelelezi, mashahidi wa siri na mahabusu alikuwa mtu mmoja. Hata viwanja vya Dynamo na mahabusu kuu ya Stasi katika Berlin vilikuwa katika eneo moja la mji, liitwalo Hohenschönhausen.

Kwa muda mambo yalikwenda vema. Mwaka 1977 Schmidt alishinda katika mashindano ya Kombe la Dunia. Tarehe 9 Agosti 1978, mjini Berlin, alirusha mita 71.16 na kuivunja rekodi ya rafiki yake Wilkins. Wiki chache baadaye, huko Praha, akawa bingwa wa Ulaya. Mwaka 1979 akashinda tena Kombe la Dunia. Akiwa na miaka 25 hakuwa na mpinzani. Picha zake zilichapwa magazetini, na viongozi walimpa mkono mbele ya wapiga picha.

Lakini sifa zilipokuwa zikiongezeka nje, mashaka yalikuwa yakiongezeka ndani. Mwanariadha wa kiwango chake husafiri sana, na asafiriye huona. Schmidt alizungumza na wanariadha wa Magharibi bila kujificha. Urafiki wake na Wilkins na wengine uliendelea. Aliipenda michezo, lakini hakupenda kuambiwa ale na nani na acheke na nani. Katika nchi nyingine tabia hiyo ingehesabiwa kuwa uchangamfu wa ujana. Kwa wapelelezi waliomfuata ilikuwa dalili. Alichunguzwa na watu asiowajua, na wengine aliowajua akidhani ni marafiki. Wizara ile, ilipofikia mwaka wake wa mwisho, ilikuwa na waajiriwa wapatao 91,000, na juu yao watoa habari wa siri zaidi ya 170,000. Walikuwamo ofisini, viwandani, shuleni, makanisani, na katika vyumba vya kuvalia nguo vya wanamichezo.

Mwaka 1980 michezo ya Olimpiki ilifanyika Moscow. Safari hii Wamarekani ndio waliosusia, kwa sababu ya majeshi ya Urusi kuingia Afghanistan, na Wilkins hakuwapo. Wengi walitazamia kwamba dhahabu ni ya Schmidt. Ikawa kinyume. Viktor Rashchupkin wa Urusi alirusha mita 66.64, akafuatwa na Imrich Bugár wa Chekoslovakia na Luis Delís wa Kuba. Schmidt alipata mita 65.64 na nafasi ya nne. Nafasi ya nne haina nishani, na kwa mtu ambaye dola ilimvumilia kwa ajili ya nishani, ilikuwa ni hatari. Wakubwa waliokuwa wakizifumbia macho tabia zake hawakuona tena sababu ya kufumba. Milango ya safari za nje ikaanza kufungwa, na mwishowe mlango wa klabu ukafungwa pia.

Mtu aliyenyimwa kazi anayoijua, na nchi ikamnyima ruhusa ya kuifanya mahali pengine, atafanya nini? Schmidt akaanza kufikiri juu ya kutoroka. Siri yake haikukaa. Mwaka 1982 alikamatwa na Stasi. Sheria ya adhabu ya nchi ile, katika kifungu cha 213, ililifanya kosa si kuvuka mpaka bila ruhusa tu, bali hata kujiandaa kuvuka. Bingwa wa Ulaya aliwekwa gerezani zaidi ya mwaka mmoja. Hakuwa ameiba wala kuua, wala hakuwa ameuza siri ya jeshi. Alitaka kuondoka.

Tulitazame jambo hilo kwa macho ya askari. Waliomfuata walikuwa watu wa wizara ile ile iliyokuwa mlezi wa Dynamo. Yawezekana kabisa kwamba baadhi yao walimpigia makofi mwaka 1978 alipovunja rekodi. Baadaye walipewa amri ya kuandika kila neno lake, nao wakaandika. Hatusemi kwamba kila mmoja wao alikuwa mtu mbaya. Wengi waliamini kwamba wanailinda nchi. Lakini ulinzi unaoanza kwa kumlinda raia dhidi ya adui, ukaishia kumhesabu raia mwenyewe kuwa adui, umekwisha kupotea njia, hata kama kila karatasi ina muhuri na kila amri ina sahihi.

Alipofunguliwa, Schmidt hakurudishwa katika michezo mikubwa. Mwili wake ulikuwa bado na nguvu, lakini uwanja ulikuwa wa wengine. Mwaka 1983 Yuriy Dumchev wa Urusi aliipita rekodi yake kwa mita 71.86. Mwaka 1986 Jürgen Schult, Mjerumani wa Mashariki kama yeye, alirusha mita 74.08, na rekodi hiyo ilidumu karibu miaka 38, hadi Mykolas Alekna wa Lithuania alipoivunja mwezi Aprili 2024. Schmidt aliyasikia mambo ya 1983 na 1986 akiwa amezuiwa. Aliomba ruhusa ya kuhama, akasubiri, akaomba tena. Ruhusa ilipatikana mwishoni mwa mwaka 1987, naye akavuka kwenda Ujerumani ya Magharibi akiwa na miaka 33. Miaka iliyokuwa mizuri kuliko yote kwa mrushaji ilikuwa imekwisha kutumika katika kungojea.

Hata hapo hakuwa huru kabisa. Mwaka 1988 michezo ya Olimpiki ilifanyika Seoul. Kanuni zilimtaka mwanariadha aliyekwisha kuiwakilisha nchi moja angoje miaka mitatu kabla ya kuiwakilisha nyingine, isipokuwa nchi ya kwanza itoe idhini. Schmidt hakurusha kisahani Seoul. Dhahabu ilikwenda kwa Schult, kwa mita 68.82. Mkono wa dola ile ulimfikia hata ng'ambo ya ukuta.

Lakini historia ina njia zake. Tarehe 9 Novemba 1989 ukuta ulifunguliwa, baada ya wiki nyingi za maandamano ya amani. Siku nne baadaye Mielke, mzee wa karibu miaka 82, alisimama bungeni akawaambia wajumbe kwamba yeye anawapenda watu wote. Wajumbe wakamcheka. Mtu ambaye kwa miaka 32 hakuna aliyethubutu kumcheka alichekwa na bunge lake mwenyewe.

Mwishoni mwa Agosti 1990, mashindano ya Ulaya yalifanyika mjini Split, katika Yugoslavia. Katika kisahani, dhahabu ilichukuliwa na Jürgen Schult, akiwa amevaa fulana ya Ujerumani ya Mashariki kwa mara ya mwisho katika mashindano hayo. Fedha ilikwenda kwa Erik de Bruin wa Uholanzi. Na shaba ilichukuliwa na Wolfgang Schmidt, mwenye umri wa miaka 36, akiiwakilisha Ujerumani ya Magharibi. Wajerumani wawili waliolelewa na dola moja walipanda jukwaa moja chini ya bendera mbili. Mwezi mmoja baadaye, tarehe 3 Oktoba 1990, Ujerumani zikaungana, na ile dola iliyomfunga Schmidt kwa kutaka kuihama haikuwapo tena. Yeye alikuwapo.

Tulisema tutaitaja siri. Baada ya muungano majalada yalifunguliwa. Ilidhihirika kwamba tangu mwaka 1974 kulikuwa na mpango wa serikali wa kuwapa wanariadha dawa za kuongeza nguvu, wakiwamo wasichana wadogo walioambiwa kwamba ni vitamini. Mmoja wa waliofanya kazi kubwa ya kuyafichua hayo, Brigitte Berendonk, alikuwa mwenyewe mrusha kisahani aliyekimbilia Magharibi katika ujana wake. Kitabu chake kilitoka mwaka 1991. Mwaka 2000 mahakama ya Berlin iliwatia hatiani Manfred Ewald, aliyekuwa mkuu wa michezo ya nchi ile, pamoja na daktari Manfred Höppner, ingawa vifungo vyao viliahirishwa. Kwa hiyo rekodi za nchi ile na za miaka ile haziwezi kusomwa bila mashaka. Dola iliyoona kwamba roho ya mwanariadha ni mali yake iliona pia kwamba damu yake ni mali yake.

Ndugu wasikilizaji, huenda mtu akauliza: Mambo ya Berlin yatuhusu nini sisi? Tumkumbuke John Akii-Bua. Alikuwa polisi wa Uganda. Mwaka 1972 huko Munich, Ujerumani ya Magharibi, alikimbia mita 400 kuruka viunzi kwa sekunde 47.82, akawa mtu wa kwanza duniani kushuka chini ya sekunde 48, na Mganda wa kwanza kupata dhahabu ya Olimpiki. Mwaka 1976 hakuweza kutetea ushindi wake Montreal, kwa sababu ya ule ususiaji tuliotaja. Mwaka 1979, katika vita vilivyouangusha utawala wa Idi Amin, alikimbilia Kenya na jamaa yake wakawa wakimbizi, hadi kampuni ya viatu vya michezo ya Kijerumani iliyomfahamu ilipomsaidia kufika Ujerumani ya Magharibi. Hivyo, katika miaka ile ile ambayo askari mwanariadha wa Ujerumani ya Mashariki alifungwa kwa kutaka kwenda Magharibi, askari mwanariadha wa Uganda alikuwa akiishi huko huko kama mgeni. Lakini Akii-Bua alirudi nyumbani, akarudi katika kazi ya polisi, na alipofariki mwaka 1997 alizikwa katika ardhi yake kwa heshima. Hakuna aliyemjengea ukuta wa kumrudisha. Alirudi kwa kuwa alitaka kurudi.

Tofauti hiyo ina funzo kwa kila mwenye kuvaa sare. Utii ni nguzo ya jeshi na ya polisi, na hatusemi hata kidogo kwamba askari aachie zamu yake anapochukizwa. Kiapo ni kiapo. Lakini utii ni kitu kimoja na uaminifu ni kingine. Utii waweza kuamriwa asubuhi na kuonekana jioni. Uaminifu haupatikani kwa amri. Hujengwa kwa haki, kwa malipo ya kazi, kwa mkubwa kumsikiliza mdogo, na kwa mtu kujua kwamba akikosea ataonywa kabla ya kutiwa pingu. Ujerumani ya Mashariki ilikuwa na walinzi wengi kuliko nchi nyingi za ukubwa wake, ikawa na ukuta, mbwa na minara. Ilipofika siku ya kutetewa na watu wake, wengi walibaki majumbani au walikuwa wamejiunga na waandamanaji.

Kwa hiyo, ndugu askari, ukiwa zamu usiku na mbele yako yupo raia anayetaka tu kupita, uliza kwanza ana kosa gani. Sare uliyovaa ilishonwa kwa kodi yake. Na wewe kiongozi uliye na vijana hodari chini yako, iwe ni uwanjani au kambini, watunze wakiwa wa nne kama ulivyowatunza wakiwa wa kwanza. Schmidt hakuanza kuitoroka nchi yake siku alipopanga safari ya kuvuka mpaka. Alianza siku alipogundua kwamba mapenzi ya wakubwa wake yalipimwa kwa mita.